UZI: AZT ilikuwa sumu au dawa? Tuichambue ile sauti inayozunguka Malindi

Maabara_Gede (mwanzisha uzi)

Salaam aleikum wana jukwaa. Kuna sauti inazunguka kwenye magrupu, kuanzia Watamu hadi Mambrui, inayosema AZT iliua watu kuliko UKIMWI wenyewe, na kwamba ile dawa ya maji anayopewa mtoto mchanga wa mama mwenye virusi ni "sumu ile ile ya Wamarekani". Shida ya sauti hii si kwamba yote ni uongo. Maneno mawili matatu ni kweli tupu, na hayo ndiyo yanayoibeba. Naomba anayejibu aje na tarakimu, si hasira.

Naanza na chanzo. AZT, kwa jina la kitabibu zidovudini, ilitengenezwa 1964 na Jerome Horwitz kule Detroit, akitafuta dawa ya saratani. Kwa panya wenye saratani ya damu haikufanya lolote, ikawekwa kando. Mwaka 1985 kampuni ya Burroughs Wellcome pamoja na watafiti wa taasisi ya saratani ya Marekani, akina Samuel Broder na Hiroaki Mitsuya, walionyesha kwamba inazuia kirusi ndani ya chupa ya maabara, na mwaka huo huo mgonjwa wa kwanza akapewa. Jaribio kubwa la kwanza la kulinganisha lilianza 1986 katika vituo 12, wagonjwa 282: 145 walipewa AZT, 137 plasebo, yaani kidonge kitupu. Lilipangwa kwenda wiki 24. Septemba likasimamishwa, kwa sababu upande wa plasebo walikuwa wamekufa 19 na upande wa AZT mmoja. Machi 1987 Marekani ikaidhinisha.

Sasa ile sehemu ambayo klipu inasema kweli. Kipimo kilikuwa miligramu 250 kila baada ya saa nne, usiku na mchana, jumla 1,500 kwa siku. Katika jaribio hilo hilo, asilimia 24 ya waliomeza AZT hemoglobini yao (kipimo cha wingi wa damu) ilianguka chini ya 7.5, dhidi ya asilimia 4 upande wa plasebo. Asilimia 21 waliongezwa damu zaidi ya mara moja. Chembe nyeupe aina ya neutrofili zilishuka chini ya 500 kwa asilimia 16 dhidi ya 2. Hayo yalichapishwa wazi 1987, hayakufichuliwa na mtu. Anayekwambia "walificha" hajasoma ripoti yenyewe.

Kipepeo_wa_Arabuko

Umeanza vizuri maalim, lakini umepita juu ya udhaifu wa jaribio kama mtu anayeruka dimbwi. Liliposimamishwa, wagonjwa 27 tu ndio walikuwa wametimiza wiki 24. Waliotimiza 16 ni 152, na waliobaki angalau nane. Kwa hiyo tuna habari za miezi minne, halafu dunia ikaambiwa watu wameze maisha yao yote.

La pili, ule upofu wa jaribio, yaani mgonjwa na daktari wote kutojua nani anameza nini, ulivuja. AZT inafanya chembe nyekundu ziwe kubwa kuliko kawaida. Daktari akiangalia karatasi ya damu baada ya wiki kadhaa anajua moja kwa moja huyu yuko upande gani. Na wapo wagonjwa waliofungua vidonge wakaonja, wengine wakagawana ili kila mmoja apate nusu ya bahati.

La tatu, wagonjwa walikuwa mahututi tangu mwanzo. Walikuwa wametoka kuugua nimonia ya pneumosistisi au wako karibu na hapo. Ukipata jibu kwa mtu aliye hoi, huwezi kulihamishia kwa mtu mzima wa afya aliyegunduliwa jana tu.

Maabara_Gede

@Kipepeo hoja ya tatu nakupa yote, na ndiyo iliyozaa vurugu za miaka iliyofuata. Hoja ya upofu naipokea nusu. Kuonja kidonge hakumfufui mtu. 19 kwa 1 si tofauti inayoletwa na daktari kumhurumia mgonjwa. Na kama watu waligawana vidonge, hilo linazifanya pande mbili zifanane zaidi, kwa hiyo lingeificha faida ya dawa, lisingeizua. Magonjwa nyemelezi nayo yalikuwa 45 upande wa plasebo na 24 upande wa AZT. Ndani ya miezi ile michache, kwa wagonjwa wale, dawa ilifanya kazi. Swali la kwamba ilifanya kazi kwa muda gani ni jingine.

Bi_Shela

Naongezea upande wa famasia, maana watu wengi hawaelewi kwa nini kipimo kile cha mwanzo kilikuwa kikubwa hivyo.

AZT imefanana na thaimidini, mojawapo ya matofali yanayojenga DNA. Kirusi kinapojinakili, kimeng'enya chake kinaokota AZT kikidhani ni thaimidini na kuiweka kwenye mnyororo. Lakini mahali pa kushikia tofali linalofuata pana kundi la azido, hapashiki kitu. Mnyororo unaishia hapo. Vimeng'enya vya mwili wetu vinaitambua AZT vizuri zaidi na huikwepa, isipokuwa kile cha mitokondria (viwanda vya nguvu ndani ya seli), kinachodanganyika kwa kiasi. Huko ndiko yanakotoka maumivu ya misuli na asidi ya laktiki kuzidi damuni kwa waliomeza muda mrefu. Uboho nao, kwa kuwa unazalisha chembe mchana na usiku, ndio wa kwanza kulalamika.

Ndani ya damu AZT inapungua nusu kila baada ya saa moja hivi. Waliopanga kipimo 1986 walitazama damu, wakaona dawa inaisha upesi, wakasema basi kila saa nne. Wagonjwa wakawa wanatembea na vikasha vya vidonge vyenye kengele. Lakini dawa haifanyi kazi kwenye damu, inafanya ndani ya seli, na humo umbo lake lililokamilika hukaa muda mrefu zaidi. Ukizidisha dozi, umbo lile halizidi kwa kadiri ile, kwa sababu kuna kimeng'enya katikati ya njia kinachofanya kazi polepole. Kinachorundikana ni umbo la katikati, ambalo halimdhuru kirusi sana ila mwenye mwili linamsumbua. Yaani walikuwa wanajaza maji kwenye mtungi wenye mdomo mwembamba, mengi yanamwagika nje.

Ndiyo maana jaribio la kupunguza dozi, matokeo yake yakatoka 1990, lilipolinganisha 1,500 na 600 kwa siku (baada ya mwezi mmoja wa 1,200), waliopewa kidogo hawakuwa nyuma. Waliokuwa hai baada ya miezi 18 walikadiriwa asilimia 63 kwa dozi ndogo na 52 kwa dozi kubwa. Leo mtu mzima anameza 300 asubuhi na 300 jioni, jumla 600. Klipu inazungumzia madhara ya kipimo ambacho hakitolewi popote tangu zaidi ya miaka thelathini iliyopita.

Kipepeo_wa_Arabuko

Bi Shela ahsante, hilo la mtungi nimelielewa. Lakini tusiishie kwenye dozi. Twende kwenye Concorde, ambayo wapenzi wa AZT hawapendi kuitaja.

Maabara_Gede

Tuitaje basi. 1989 jaribio la Marekani, watu 1,338 wasio na dalili lakini CD4 (hesabu ya seli za kinga) chini ya 500, lilisimamishwa mapema. Waliofikia UKIMWI walikuwa 33 upande wa plasebo, 11 upande wa miligramu 500 na 14 upande wa 1,500. Machi 1990 matumizi yakapanuliwa hadi kwa watu kama hao. Kwa wastani walikuwa wamefuatiliwa mwaka mmoja tu.

Concorde ilifanywa na Uingereza, Ireland na Ufaransa, watu 1,749 wasio na dalili. Nusu walianza AZT papo hapo, gramu moja kwa siku, nusu wakasubiri mpaka waugue. Walifuatiliwa miaka mitatu na zaidi kidogo. Waliobaki hai baada ya miaka mitatu: asilimia 92 kwa walioanza mapema, 94 kwa waliosubiri. Hakuna tofauti ya maana. Matokeo ya awali yalitoka 1993, kamili 1994.

Majaribio yote mawili yalikuwa sahihi. Lile la kwanza liliona faida ya mwaka wa kwanza. La pili liliendelea kutazama mpaka faida ikayeyuka. Na kilichoiyeyusha kilikuwa kimeshaonekana tangu 1989: usugu. AZT peke yake, kirusi kinajinakili mara mabilioni kwa siku huku kikikosea kosea, mwisho kinapata makosa yanayokifaa. Badiliko la nafasi ya 215 kwenye kimeng'enya chake, likiongezwa la 41 na mengineyo, dawa inaota kutu. Concorde ilitoa somo jingine ambalo sisi wa maabara tunalishika mpaka leo: CD4 za walioanza mapema zilibaki juu kwa seli kama 30, na bado hawakuishi zaidi. Namba ya karatasi ilipanda, uhai haukupanda. Leo ndiyo maana tunapima wingi wa virusi.

Kisiwa_Pate

Kwa hiyo AZT haikufaa?

Bi_Shela

AZT peke yake haikufaa kwa safari ndefu. 1995 majaribio ya Delta na ACTG 175 yalionyesha kwamba AZT ikiongezwa dawa ya pili inaishinda AZT iliyo peke yake. 1996 ikaja miseto ya dawa tatu kwa pamoja, na vifo kwenye nchi zilizoweza kuinunua vikaporomoka. AZT hiyo hiyo ilikuwa ndani ya mingi ya miseto hiyo. Kirusi kinaweza kukwepa mtego mmoja, mitatu kwa mpigo ni kazi.

Tahadhari moja ya zamani ambayo bado huulizwa: AZT na stavudini (d4T) hazichanganywi kamwe, kwa sababu zote mbili zinagombania mlango mmoja wa kuingilia kazini ndani ya seli. Hata hivyo d4T imeshaondoka, WHO ilishauri iachwe 2009 kwa sababu ya kukonda mashavu na ganzi za miguu.

Mzee_wa_Mkunguni

Wajukuu, mnazungumza ya Detroit na London mnasahau ya nyumbani. Mwaka ule ule wa 1990 Kenya ilitangaza dawa yake, Kemron, kutoka KEMRI (taasisi ya utafiti wa tiba ya Kenya) chini ya Profesa Davy Koech, na Rais Moi mwenyewe akaizindua. Ilikuwa interferoni alfa, protini ya kinga ya mwili, ya kuweka mdomoni, kiasi kidogo mno, yuniti 2 hivi kwa kilo ya mwili, ilhali interferoni ya sindano huhesabiwa kwa mamilioni. Wazo lilitoka kwa Joseph Cummins wa Texas, aliyekuwa ameanza na wanyama.

Ripoti ya kwanza ilikuwa ya kustaajabisha: wagonjwa wananenepa, dalili zinakwisha, na baadhi eti vipimo vyao vimegeuka kuwa hasi. Kilichokosekana ni kundi la plasebo. Bila kundi la kulinganisha, mtu aliyepata chakula, matibabu ya magonjwa nyemelezi na matumaini atanenepa tu. Jaribio la Uganda lililokuja baadaye, zaidi ya watu 500, nusu wakipewa plasebo, halikuona faida yoyote. Halafu 1996 ikaja Pearl Omega, dawa nyingine iliyodaiwa kutibu UKIMWI, ya Profesa Arthur Obel, nayo ikapita.

Nasema hivi kwa sababu ile klipu inaisifu Kemron mwishoni kama "dawa yetu iliyouawa na mabeberu". AZT ilipita kwenye plasebo ikatoka na makovu. Kemron ilipopelekwa kwenye plasebo haikutoka.

Kipepeo_wa_Arabuko

Mzee hapo nakubali, ingawa tusijifanye kwamba ubeberu haukuwepo. Bei ya AZT ya 1987 ilikuwa karibu dola 10,000 kwa mwaka kwa mtu mmoja. Ilichukua wanaharakati wa ACT UP kujifunga minyororo ndani ya soko la hisa la New York, Septemba 1989, ndipo kampuni ikashusha asilimia 20. Watu wa huku walipoambiwa "kuna dawa", hawakuweza hata kuinusa. Kemron iliingia kwenye pengo hilo.

Maabara_Gede

Kweli kabisa. Na pengo hilo hilo Afrika Kusini lilizibwa na shaka. Oktoba 1999 Rais Mbeki aliliambia bunge kwamba AZT ina sumu ya hatari, akichota kutoka hoja za akina Duesberg, wanaokana kwamba kirusi ndicho kinacholeta UKIMWI, ambazo zilijengwa juu ya tarakimu zile zile za 1987 nilizoweka juu. Kina mama wakanyimwa dawa ya kuzuia maambukizi mpaka mahakama ya katiba ilipoiamuru serikali Julai 2002. Watafiti wa Harvard 2008 walikadiria uhai uliopotea kwa kuchelewesha dawa kuwa zaidi ya watu 330,000. Hilo ndilo deni la kusoma ripoti nusu.

Faza_Zahanati

Turudi kwa mtoto, maana huku visiwani swali ndilo hilo. Mama anauliza kama atamwaga au atampa.

Ushahidi wa mtoto ni tofauti na yote mliyoyasema, na ndio ulio imara kuliko wote. 1994, jaribio la ACTG 076: AZT kwa mama wakati wa ujauzito, kwa mshipa wakati wa uchungu, na kwa mtoto wiki 6. Maambukizi yalikuwa asilimia 25.5 kwa plasebo na 8.3 kwa AZT. Thailand 1998 wakafupisha, vidonge vya 300 mara mbili kwa siku kuanzia wiki ya 36, maambukizi yakashuka nusu. 1999 Mulago, Kampala, nevirapini (dawa nyingine ya kupambana na kirusi) kidonge kimoja wakati wa uchungu na matone kwa mtoto ikaishinda AZT fupi: asilimia 13.1 dhidi ya 25.1. Mulago nayo ilipigiwa kelele kwa uandishi mbaya wa kumbukumbu, ikakaguliwa upya, na 2005 wakaguzi wa Marekani wakasema matokeo yanasimama.

Kwa nini usugu hauli hapa? Kwa sababu lengo si kumtibu mtu mwenye virusi tele kwa miaka. Ni kufunga mlango kwa muda mfupi.

Vipimo vya kawaida kwa mtoto aliyezaliwa na kilo 2.5 au zaidi: AZT ya maji yenye miligramu 10 kwa mililita, anapewa mililita 1.5 asubuhi na 1.5 jioni, wiki 6. Nevirapini, nguvu ile ile ya 10 kwa mililita, 1.5 mara moja kwa siku. Wa kilo 2 hadi chini ya 2.5, ni mililita 1 badala ya 1.5 kwa zote mbili. Chini ya kilo 2 au njiti, usikadirie, hesabu kwa kilo pamoja na kliniki.

Yanayoharibika sasa. Kwanza, kijiko cha chai. Kijiko kina mililita 5, mtoto anapata zaidi ya mara tatu ya dozi. Toa sirinji ya mililita 2 au 3 yenye alama, chora mstari wa kalamu ya wino mzito kwenye 1.5, na mwambie mama avute mbele yako kabla hajaondoka. Pili, kusoma 1.5 kama 15. Andika "moja na nusu" kwa maneno. Tatu, kutotikisa. Nevirapini ni unga ulioelea majini, usipotikisa mtoto anakunywa maji mwanzo wa chupa na dawa nzito mwisho. AZT imeyeyuka, haihitaji kutikiswa, lakini mfundishe mama atikise zote ili asichanganye. Nne, hesabu ya chupa: AZT ni mililita 3 kwa siku, kwa siku 42 ni 126. Chupa ya 100 haitoshi. Nevirapini kwa siku hizo 42 ni 63, chupa moja inatosha. Mama wa Kizingitini akipewa chupa moja ya 100 ya AZT, siku ya 34 imekwisha, na kusi ikivuma boti haziendi.

Akitapika ndani ya nusu saa, rudia dozi. Chupa iwekwe kivulini, si juu ya kabati chini ya bati.

Kisiwa_Pate

Na damu ya mtoto? Klipu inasema inakauka.

Maabara_Gede

Hemoglobini ya kila mtoto mchanga hushuka kwa wiki kadhaa za mwanzo, hata asiyemeza kitu. AZT inaishusha zaidi kidogo, na inapanda tena ikisimamishwa. Wiki ya 6 AZT inakwisha na Septrin (dawa ya kuzuia maambukizi mengine) inaanza, na huo mpango una faida yake, kwa kuwa zote mbili zinaugusa uboho. Wiki hiyo hiyo mtoto anapimwa PCR, kipimo kinachotafuta kirusi chenyewe, kwa hiyo mtazame viganja na kope za chini. Akiwa mweupe mno, anahema mbio au hanyonyi, pima hemoglobini siku hiyo hiyo.

Kwa mtu mzima, hemoglobini ipimwe kabla ya kuanza, halafu wiki ya 4, 8 na 12. Aliye na hemoglobini ya chini mno usimwanzishe AZT. Ikishuka, usiilaumu AZT kabla ya kupima malaria na choo: safura ya minyoo bado ipo kuanzia Magarini hadi Witu. Na jambo linalowapotosha vijana wa maabara: AZT hukuza chembe nyekundu, MCV (kipimo cha ukubwa wa chembe hizo) hupita 100, mpaka wengine huitumia kujua kama mtu anameza. Lakini Pwani alfa thalasemia, hitilafu ya damu ya kurithi, ni ya kawaida mno, na yenyewe huzifanya chembe kuwa ndogo. Mtu aliyeanza na MCV ya 72 akifika 88 anameza vizuri tu. Mlinganishe na yeye mwenyewe, si na kitabu.

Bi_Shela

Nyongeza kwa wa kliniki ya methadoni (dawa ya wanaoacha heroini) Malindi: methadoni inapandisha kiwango cha AZT mwilini. Mgonjwa akija na kichefuchefu, kichwa na maumivu ya misuli, wengi hudhani ni arosto na kumwongezea methadoni. Uliza kwanza anameza ARV gani. Rifampisini ya kifua kikuu inafanya kinyume, inaishusha AZT.

Siku hizi wengi wako kwenye TLD, yaani tenofoviri, lamivudini na dolutegraviri ndani ya kidonge kimoja kwa siku, AZT imebaki kwa wenye figo mbovu, walioshindwa na dawa za mstari wa kwanza, na watoto. Kucha kuwa na mistari myeusi si sumu, ni rangi, zinaachwa.

Kisiwa_Pate

La mwisho Bi. Anayemeza AZT mara mbili akifunga Ramadhani?

Bi_Shela

Daku na futari. Upande mmoja unatoka saa 14 hivi na wa pili 10, na kwa dozi ya 300 hiyo inakubalika. Ile ya kila saa nne ya 1987 isingewezekana kabisa. Ila dozi ya daku anywe akishakula, si tumbo tupu, la sivyo kichefuchefu kitamfungulisha kabla ya adhuhuri. Mama anayenyonyesha, dozi za mtoto hazihamishwi: ni saa zile zile za kila siku.

Faza_Zahanati

Na wale wa Mokowe mnaopakia dawa, AZT ya maji tumeni chupa mbili mbili za 100 kwa kila mama, au moja ya 240. Sirinji ziwekwe ndani ya mfuko huo huo, si katoni nyingine. Wiki iliyopita katoni ya sirinji imekwenda Kiunga.